Seti ya ZaSu Pitts na Thelma Todd: Inunue, Ila Usianze Nayo

Nianze na hukumu, maana najua wengi wenu mnasoma aya ya kwanza kisha mnashuka moja kwa moja kuhesabu nyota. Seti hii ya diski, yenye filamu fupi zote 17 ambazo waigizaji wa Marekani ZaSu Pitts na Thelma Todd walicheza pamoja katika studio ya Hal Roach kuanzia 1931 hadi 1933, naipa nyota nne kati ya tano. Picha ni safi kwa umri wake na hakuna filamu iliyoachwa nje. Nyota ya tano nimeizuia kwa sababu mbili. Ya kwanza ni ya kifundi, nitaieleza huko chini. Ya pili ni nzito zaidi: ukimjua ZaSu Pitts kwa seti hii peke yake, utaondoka ukiamini alikuwa mchekeshaji, basi. Hivyo ndivyo Hollywood ilivyotaka aaminike tangu filamu zilipoanza kusema, na sioni kwa nini sisi tuendelee kuitikia.

Kazi yangu ni sauti. Narekodi na kuhariri michezo ya redio, kwa hiyo filamu za zamani nina mtindo wangu wa kuzipima: navaa hedifoni, nafumba macho, nasikiliza dakika chache za mwanzo kabla sijairuhusu picha iniingilie. Nyumbani wamezoea kunikuta mbele ya runinga nimefumba macho, hawaulizi tena.

ZaSu ukimsikiliza hivyo anashangaza. Sauti ni nyembamba, inatokea puani kidogo, na ina kilio ndani yake hata pale anapouliza saa ngapi. Sentensi inaanza vizuri, inapanda, halafu ikifika robo tatu ya safari inakata tamaa. Maneno ya mwisho yanayeyuka. Angekuwa mwigizaji wangu wa redio ningemrudisha: dada, malizia sentensi. Tena baada ya kila sentensi anaacha mwanya mrefu kuliko kawaida, kimya tupu, mpaka unaanza kudhani kanda imekwama. Mae Questel aliiga namna hiyohiyo ya kusema alipompa sauti Olive Oyl, mchumba wa Popeye kwenye katuni, kwa hiyo hata kama hujawahi kumwona ZaSu, huenda umeshamsikia kwa mlango wa nyuma.

Sasa fungua macho. Ndani ya ule mwanya kuna mikono. Kidole cha shahada kinapanda kuelekea kidevuni, kinasita, vidole vingine vinakifuata vikipepea, kisha kiganja kizima kinaanguka kifuani na kutulia hapo kama mtu aliyefika mlango usio wake na hajui abishe hodi au arudi. Sentensi ambayo mdomo uliiacha njiani, mkono umeimalizia. Na mkono huo haufanyi kelele hata kidogo.

Kwa mtazamaji wa kawaida hilo la kelele si kitu. Kwa mtu wa sauti ni kila kitu. Maikrofoni za 1929 hazikuwa na adabu: zilinasa hariri inayosuguana, karatasi inayokunjwa, kiatu kinacholia. Kamera yenyewe ilinguruma, ikabidi ifungiwe kibandani pamoja na mpiga picha wake, naye mwigizaji akaonywa asitoke mbali na pale maikrofoni ilipofichwa. Ndiyo maana filamu nyingi za mwaka ule zimekauka. Watu wanasimama, wanasema, wananyamaza, wanangoja zamu. Walioishi kwa miili yao kwenye filamu bubu wakajikuta wamefungwa miguu. ZaSu alikuwa na chombo ambacho mafundi hawakuwa na sababu ya kukizuia. Alichukua filamu bubu akaingia nayo katika filamu ya sauti, mchana kweupe, vidoleni.

Nalisema hili mapema kwa sababu ndilo linaloifanya seti hii iwe na thamani kuliko vichekesho vyenyewe. Vichekesho vingine, kusema kweli, vimechacha.

Roach alikuwa tayari na jozi ya wachekeshaji wanaume, Stan Laurel na Oliver Hardy, akataka jozi ya wanawake ya namna ileile. Mpango ni mwepesi. Thelma ni mrembo mwenye nywele za dhahabu, mjanja wa maneno, ndiye anayepanga mambo. ZaSu anamfuata nyuma akiyaharibu. Ni wasichana wawili wasio na hela, na karibu kila tatizo lao huanzia kwenye kodi, kazi au mwanamume. Kila filamu ni kama dakika 20 hivi. Muziki wa LeRoy Shield unapiga chini kwa chini karibu muda wote, nyimbo zilezile utakazozitambua kama umewahi kumtazama Laurel na Hardy, na mimi nimekuwa nikiuimba kichwani wiki nzima bila kupenda.

Bora kuliko zote kwangu ni Asleep in the Feet ya 1933. Jirani yao anataka kutupwa nje kwa sababu ya kodi, nao wanakwenda kutafuta hela kwenye ukumbi wa dansi wa kulipia, ule ambao mwanamume hununua tiketi na kila tiketi humpa wimbo mmoja na msichana mmoja. Kumbi hizo zilikuwepo kweli Marekani, na mwaka 1933 ndio mdororo wa uchumi ulipokuwa umefika chini kabisa, kwa hiyo kichekesho hiki kimesimama juu ya njaa ya kweli. Thelma anagombewa. ZaSu hatakiwi na mtu. Mtazame anavyosubiri: hasikitiki kwa nguvu, hatoi machozi, anajaribu tu kusimama namna ambayo labda itamfanya aonekane anafaa kuchezewa wimbo, na kila namna anayoijaribu ni mbaya kuliko iliyotangulia. Nilicheka, halafu nikarudisha nyuma nikatazama tena bila sauti, na safari ya pili sikucheka.

On the Loose ya 1931 ni nyepesi zaidi na imekaa vizuri. Wasichana wamechoshwa na wanaume ambao kila wakiwatoa matembezi huwapeleka Coney Island, ufuko wa michezo na mabembea wa New York. Wanakutana na Waingereza wenye gari na adabu zao, wanadhani wamefika, na matembezi ya kifahari yanaishia wapi? Coney Island. Mwishoni mlango unabishwa, wanaingia Laurel na Hardy wenyewe, na wazo lao la mapumziko ya mwisho wa wiki nadhani mmeshalikisia. Sneak Easily ya 1932 nayo ina ZaSu akiwa mzee wa baraza mahakamani anayemeza kielelezo cha ushahidi, na kielelezo chenyewe ni kitu cha kulipuka. Hapo mikono inapata kazi ya haki, maana mwanamke aliyemeza bomu hana la kusema, ana la kuonyesha tu.

Kuna nyingine ambazo ni milango kufungwa na watu kuanguka. Show Business ina nyani ndani ya treni usiku, na ukishajua hivyo umeshaitazama. Red Noses, ya kwenye bafu la mvuke, nililala.

Sasa kuhusu ile sababu ya pili.

Huwezi kuelewa mikono ile inatoka wapi mpaka urudi 1924, kwenye Greed ya mwongozaji Erich von Stroheim. Kabla ya hapo kwa ufupi: ZaSu alizaliwa Parsons, Kansas, mwaka 1894, akiwa na jina lililoungwa kwa vipande vya majina ya shangazi wawili, Eliza na Susan, ili pasiwe na wa kununa. Alikulia Santa Cruz, California. Mwandishi wa filamu Frances Marion akamwona anafaa, na mwaka 1917 akapata nafasi ya maana pembeni ya Mary Pickford katika The Little Princess, akicheza Becky, kijakazi wa jikoni. Likumbukeni hilo la kijakazi, litarudi. Miaka iliyofuata alicheza wasichana wasio na sura ya kupendwa, wapole, wa kuchekwa kwa huruma. Kisha Stroheim, mtu ambaye kila mwenye studio alimwogopa kwa gharama zake, akamtazama yule mchekeshaji mwembamba mwenye macho makubwa na kuona janga.

Greed inatoka kwenye riwaya ya Frank Norris. ZaSu ni Trina, msichana aliyeshinda dola 5,000 za bahati nasibu, na hela ile inamla polepole. Anaolewa na McTeague, daktari wa meno asiye na cheti, ambaye anachezwa na Gibson Gowland. Stroheim hakutaka studio. Alipiga picha San Francisco, ndani ya nyumba halisi, na tukio la mwisho la wanaume wawili akalipeleka Death Valley kwenyewe, jua la jangwani na yote. Siku ya harusi yao, wakati kasisi anasoma, dirisha la nyuma liko wazi, na kule chini barabarani msafara wa mazishi unapita. Hakuna anayeuelekeza kidole. Uko tu, wadogowadogo, nyuma ya bega la bibi harusi. Mara ya kwanza unaweza usiuone kabisa.

Lakini mimi nilikuwa natazama mikono. Trina anahesabu. Anasugua sarafu mpaka zing'ae, anazipapasa, anazirundika, anazivuta kifuani. Ni miondoko ileile, jamani! Kidole kinachosita, vidole vinavyopepea, kiganja kinachoanguka kifuani: msamiati wote wa vichekesho vya 1931 uko pale miaka saba kabla, na pale hauchekeshi mtu. Umaskini unapomzidi, mumewe anaanza kumng'ata vidole ili amtolee hela. Vidole hivyo vinaoza, vinakatwa. Kwa mikono iliyobaki anasugua sakafu za shule ya watoto, na usiku anazitandaza zile sarafu kitandani, anavua nguo, analala juu yake. Uso wake wakati huo ni wa mtu aliyefika kwake. Sijui mwigizaji mwingine wa filamu bubu aliyefanya jambo baya namna hiyo lionekane la faragha kiasi cha kumfanya mtazamaji aone haya kuwepo.

Kilichofuata kinajulikana. Stroheim alikuja na reli, yaani mizingo ya filamu, zipatazo 42, filamu ya saa nane na zaidi. Kampuni iliyoitengeneza ilikuwa imeungana na nyingine na kuwa studio ya MGM mwaka uleule wa 1924, Irving Thalberg akiwa mmoja wa wakubwa, na filamu ikakatwa na kukatwa tena mpaka ikabaki na reli 10 hivi, kama saa mbili na robo. Vilivyokatwa havikupatikana tena. Mwaka 1999 Rick Schmidlin alitengeneza toleo la karibu saa nne kwa kujaza mapengo na picha mnato zaidi ya 650 zilizokuwa zimebaki. Wapo wasiolipenda kwa sababu picha mnato zinakatisha mwendo. Mimi nalipenda. Katika picha mnato mikono ya ZaSu imeganda katikati ya tendo, na unaweza kuisoma utakavyo.

Stroheim akamwita tena kwa The Wedding March, iliyoonyeshwa 1928. Hapo ni Cecelia, binti mchechemeaji wa mfanyabiashara aliyetajirika kwa plasta za sugu za miguuni, anayeozwa kwa kijana wa ukoo wa kikabaila wa Vienna mwenye madeni. Baba wawili wanapatana mahari ya binti na cheo cha kijana wakiwa wamelewa, wamegaragara sakafuni. ZaSu hana matukio mengi. Ana lile la kutembea kanisani siku ya harusi, anachechemea, anajua kwamba kila jicho liko kwenye mguu wake, na anajitahidi kulifanya tabasamu lake liwahi kufika kabla ya mguu. Nje anakutana na msichana mzuri anayelia kwenye mvua, ambaye ni mpenzi wa mumewe. Garini anamuuliza mumewe yule ni nani. Mume anasema hajawahi kumwona. ZaSu hahitaji kibao cha maandishi, kile cha kuonyesha maneno katika filamu bubu, ili tumwelewe hapo. Sehemu ya pili ya hadithi, The Honeymoon, ambamo Cecelia alikuwa na nafasi kubwa zaidi, ilitoka peke yake na nakala yake ya mwisho iliyojulikana ikateketea kwa moto Paris.

Kisha sauti. The Jazz Singer, filamu ndefu ya kwanza yenye maneno ya kusikika, ilikuwa imetoka Oktoba 1927, na kufikia 1929 studio zote kubwa zilikuwa zinakimbilia maikrofoni. Wengi wakaanguka. ZaSu hakuanguka, alipata kazi nyingi kuliko mwanzo. Kilichobadilika ni aina ya kazi. Mara watu waliposikia sauti ile, walicheka. Na mtu akishacheka mara moja, ni kazi kumrudisha.

Ushahidi mchungu wa hilo ni All Quiet on the Western Front, ya Lewis Milestone, 1930. ZaSu alipewa nafasi ya mama wa Paul, yule askari kijana wa Kijerumani anayerudi nyumbani likizo kutoka vitani, mama akiwa mgonjwa kitandani. Alicheza, akamaliza. Filamu ikapelekwa kwenye onyesho la majaribio. Watu wakamwona kitandani, wakamtambua, wakaanza kucheka. Mama anayekufa, mtoto anayerudi kufa, na ukumbi unacheka. Studio ya Universal ikapiga upya matukio yake yote na Beryl Mercer, na hiyo ndiyo filamu iliyotoka na kushinda Oscar ya filamu bora. ZaSu amebaki kwenye tangazo lake la mwanzo, sekunde chache tu. Nimezitazama mara nyingi kuliko inavyofaa. Hakuna kinachochekesha. Kama kuna kosa, ni kwamba watu walikuja ukumbini na kicheko chao mfukoni tayari.

Na bado hamjasikia la kuniudhi zaidi. Stroheim alipata nafasi moja tu ya kuongoza filamu ya sauti, kwa kampuni ya Fox, iliyoitwa Walking Down Broadway. Akamchukua ZaSu tena, safari hii ndani ya sauti: Millie, anayeishi chumba kimoja na shujaa wa kike, mwanamke aliyejaa wivu na uchungu. Fikirieni. Mwongozaji aliyejua mikono ile inaweza kubeba nini, na sasa ana ile sauti yenye kilio ya kuichanganya nayo. Studio ikaona mambo ni mazito mno, ikampokonya, ikapigwa upya na wengine, ikatoka 1933 kwa jina la Hello, Sister! ikiwa imepunguzwa makali. Bado kuna vipande vyake ndani ambavyo unahisi mkono wa Stroheim, na ndani ya vipande hivyo, ukivaa hedifoni, unamsikia ZaSu Pitts ambaye hatukupewa. Ile sauti, ikiachwa bila mzaha, inatisha.

Hesabuni basi. Greed ilikatwa. The Honeymoon iliungua. All Quiet ilipigwa upya bila yeye. Walking Down Broadway ilivunjwavunjwa. Na vichekesho 17 vya Hal Roach? Vyote vipo, salama, vimesafishwa na kuwekwa kwenye sanduku zuri. Sisemi kuna aliyekaa akapanga hivyo. Nasema tu kwamba ukinunua seti hii peke yake unanunua kile kilichoruhusiwa kubaki.

Miaka ileile alikuwa anaingia na kutoka jikoni kwa watu. Mjakazi katika Monte Carlo ya Ernst Lubitsch, 1930. Mjakazi katika Bad Sister ya 1931, filamu ambayo Bette Davis ndiyo alikuwa anaanza. Mjakazi tena kwa Lubitsch katika Broken Lullaby, 1932. Alianza 1917 na ndoo ya Becky, akapanda mpaka kitanda cha sarafu, akarudishwa kwenye ndoo. Asipokuwa mjakazi ni msichana wa simu, kama kwenye The Locked Door ya 1929, au wa mapokezi. Nafasi ya mapokezi niliyoipenda ni ya Once in a Lifetime, 1932, kwa sababu filamu yenyewe inaicheka Hollywood ya siku zile sauti ilipoingia: studio iliyochanganyikiwa, watu wanaajiriwa bila kujulikana wanafanya nini, na mezani pa mbele amekaa ZaSu akimwacha kila mtu asubiri. Yeye aliyeiona hofu ile kwa macho yake, sasa anaicheza kwa kutofanya chochote haraka. Ule mwanya wake baada ya kila sentensi, hapo ni silaha.

Aliondoka kwa Roach mwaka 1933 na Patsy Kelly akaichukua nafasi yake pembeni ya Thelma. Thelma alikutwa amekufa garini Desemba 1935, akiwa na miaka 29. Kujua hilo kunaharibu kidogo baadhi ya filamu za seti hii, hasa zile ambazo Thelma anacheka kwa kweli, nje ya maandishi, kwa jambo alilofanya ZaSu. Sikilizeni vizuri, yapo maeneo hayo, na ni sauti ya marafiki.

Lipo jambo moja la pembeni nalitaja kwa sababu linanipendeza: mwaka 1994 posta ya Marekani ilitoa stempu za nyota wa filamu bubu, zilizochorwa na mchora vikaragosi Al Hirschfeld, na ZaSu yumo, pamoja na Chaplin, Keaton, Clara Bow na John Gilbert. Waliochagua wangeweza kumweka na wachekeshaji wa sauti, maana kwa miaka zaidi ya 30 baada ya 1929 ndiko alikofanya kazi, mpaka kifo chake Juni 1963. Wakamrudisha kwa wasiosema. Nadhani walitazama mikono.

Sasa ile ya kifundi. Viwango vya sauti kati ya filamu na filamu havilingani. Umeketi, umeridhika na moja, inayofuata inaingia na muziki wa Shield kwa kishindo, unakimbilia rimoti. Baada ya hapo ZaSu anasema jambo lake la kuyeyuka na husikii kitu, unaongeza, na tukio linalofuata linakurarua masikio. Mwanya baina ya sauti yake ya chini na ya juu ni mpana kuliko wa waigizaji wengi wa enzi yake, kwa hiyo mtengenezaji wa seti alipaswa kuwa mwangalifu zaidi hapa kuliko kwingine kokote. Nauelewa ugumu. Kanda za zamani zinatoka sehemu mbalimbali, kila moja na magonjwa yake. Lakini kulinganisha viwango ni kazi ya siku mbili za mtu mmoja mwenye subira. Kwa upande mwingine nawapongeza kwa kutosafisha kupita kiasi: mchakacho umebaki, na pamoja nao zimebaki zile s za mwisho wa maneno yake ambazo programu za kusafisha sauti hupenda kuzifuta zikidhani ni uchafu.

Ushauri wangu wa kununua ni huu. Kama mna subira, tafuteni kwanza Greed, ile ya saa nne; kama hamna, ile fupi itatosha kuwaonyesha vidole. Kisha The Wedding March. Kisha Ruggles of Red Gap ya Leo McCarey, 1935, ambapo Charles Laughton ni mtumishi wa Kiingereza aliyepotezwa kwenye mchezo wa karata na kujikuta Marekani, na ZaSu ni mwanamke wa pale anayempenda. Humo, kwa mara moja, sauti, mikono na moyo vinaruhusiwa kuwa upande mmoja. Ndipo mfungue sanduku hili. Msizitazame zote 17 kwa mfululizo, zitawachosha. Moja kwa jioni inatosha. Anzeni na On the Loose, nendeni Asleep in the Feet, na mkiifikia Sneak Easily izimeni sauti kabisa yale matukio ya baada ya kumeza. Red Noses mnaweza kuiacha kwenye sanduku.